Taa ya Mtu na Mpira

Watu wa Machakos hawapendi taa kwenye dashibodi. Gari likiwasha taa, mwenyewe haulizi linaumwa nini. Anauliza ni nani atakayemzimia. Na hakuna inayozimwa ovyo kama ile nyekundu yenye mchoro wa mtu ameketi, mpira mkubwa mbele ya kifua chake. Maana yake ni kwamba gari limejipima likakuta kasoro, na ile mifuko ya hewa iliyofichwa kwenye usukani na dashibodi huenda isifumuke siku ya ajali. Lakini gari linatembea, breki zinashika, redio inaimba, sasa kelele za nini? Fundi anafungua dashibodi, anang'oa kibalbu au anakipaka rangi nyeusi ya kucha, na mwenye gari anaondoka akipiga mluzi. Ametibiwa.

Muthoka wa Nzau hakuwa fundi wa namna hiyo. Banda lake lilikuwa Mumbuni, kando ya barabara, mabati matatu ya juu na moja la ubavuni, na mtu aliyefika pale akiomba kuzimiwa taa alirudishwa na maneno yake. "Mtoto akilia, wewe unamfunga mdomo?" ndivyo alivyokuwa akiuliza, na hakungoja jibu. Wengine walinuna wakaenda kwa Festus, mtaa wa pili, aliyekuwa na mashine ya kusoma magonjwa ya gari na asiyekuwa na maswali. Wengi walirudi. Walirudi kwa sababu Muthoka akikwambia gari limepona, limepona, na katika mji ambao kila mtu anakwambia "iko sawa" huku akikuna kichwa, hilo lilikuwa jambo la kushangaza.

Alizaliwa chini ya vilima vya Iveti, katika nyumba ya wakulima Wakatoliki wenye mahindi kidogo, mbaazi kidogo na watoto wengi. Baba yake, Nzau, alitaka awe katekista, maana kijana alikuwa na kumbukumbu ya kutisha: akilisikia somo la Jumapili mara moja, jioni alilirudia lote mbele ya mbuzi bila kuruka neno. Kumbukumbu hiyo aliipeleka Athi River, kwenye gereji ya malori ya simiti, alikoajiriwa kufagia. Fundi wa nyaya wa pale alikuwa mzee mkali asiyemfundisha mtu kitu ila kwa kumfokea. Muthoka alifagia huku shingo ameinua. Siku aliyofukuzwa kwa kushika testa ya mzee ya kupimia umeme bila ruhusa, alikuwa tayari amelibeba lori zima kichwani, kila waya na rangi yake, kila rangi na inakokwenda.

Akarudi nyumbani, akamwoa Mbithe, akajenga banda. Mteja wake wa kwanza alikuwa mzee Khadar, Msomali mfanyabiashara wa ng'ombe, aliyeleta pikapu isiyowasha taa za mbele. Kuanzia hapo ukoo mzima wa Khadar haukupeleka gari kwingine. Watoto wakazaliwa, wakasomeshwa kwa waya na tepu nyeusi, wakatawanyika kutafuta maisha. Ungemuuliza Muthoka wakati huo kama ana raha, angekutazama kama mwendawazimu. Raha gani? Alikuwa na kazi.

Macho yalianza kumsaliti polepole, kwa ujanja kabisa. Kwanza alijigonga kwenye nguzo ya banda lake mwenyewe. Kisha akakanyaga kuku wa jirani. Mbithe akashuku kwamba mumewe ameanza kupitia kwenye pombe, akawa anamnusa mlangoni, na Muthoka akaona heri ashukiwe ulevi. Alikwenda hospitali kimya kimya. Daktari, binti mpole mwenye sauti ya chini, alimwambia ni presha ya macho. Imeula mshipa kutoka pembeni kuja katikati, na kilicholiwa hakirudi. Akampa dawa ya matone ya kulinda kilichobaki. Muthoka akauliza kimebaki kiasi gani. Binti yule akamshika mkono badala ya kujibu, na hapo Muthoka alijua.

Aliweka dawa kila siku, hakukosa. Dunia ikaendelea kupungua. Ikawa tundu, tundu likawa ukungu, na jua la mchana likipiga kwenye dashibodi aliona weupe mtupu na vivuli. Kanisani aliacha kusoma masomo, akasingizia kifua. Nyumbani alimwambia Mbithe ni uzee tu, atatafuta miwani. Njia ya kwenda kazini aliifuata kwa mguu wa kulia ukipapasa ukingo wa mtaro, na aliyemsalimu alimjibu kwa jina kabla hajaulizwa, kwa sauti. Watu wakasema Muthoka amekuwa mchangamfu uzeeni. Maskini ya Mungu, hakuwa mchangamfu, alikuwa anaogopa.

Maana kazi alikuwa bado anafanya, na hapa ndipo alipokuwa mjanja kuliko sisi sote. Fundi mwenye mashine husoma ugonjwa kwenye kioo. Muthoka alikuwa na kipande cha waya. Alikichomeka kwenye matundu mawili ya plagi iliyo chini ya usukani, akafungua ufunguo, na ile taa yenyewe ikaanza kupepesa: mara kadhaa, kituo, mara kadhaa tena. Kila hesabu ina maana yake, hii ni ya usukani, hii ya kiti, hii ya mkanda, na zote alikuwa nazo kichwani toka zamani. Kilichomshinda ni kuziona. Kwa hiyo alilala sakafuni mwa gari, kichwa chini ya usukani, akapaza sauti: "Nisaidie kuhesabu, mimi niko huku chini." Mteja akahesabu. Wateja walipenda sana mchezo huo, wakajiona nao ni mafundi. Hakuna aliyejiuliza kwa nini mzee wa watu anajilaza chini kila siku kama mtoto anayetafuta shilingi uvunguni.

Asubuhi ya siku ninayotaka kuisimulia, alikuja Abdisalan, mwana wa yule mzee Khadar aliyekwisha kufariki. Muthoka alimtambua kwa mlio wa gari kabla halijasimama.

"Abdisalan! Umelala aje? Mama Najmo hajambo?"

"Tuko salama, mzee. Lakini hii gari ya mke wangu Sainab imenichosha. Ile taa ya mtu na mpira imewaka toka Idi."

"Mlioshea wapi?"

Abdisalan akacheka. "Umejuaje tuliosha?"

Alijua kwa sababu kila baada ya Idi magari ya namna hiyo huja. Watu wanataka gari liingie sikukuu likinukia marashi, basi viti vinang'olewa, vinasuguliwa kwa sabuni na kuanikwa, na vijana wa kuosha wanavuta zile plagi za manjano zilizo chini ya kiti bila kujua zinafanya kazi gani. Zikirudishwa zina maji ndani. Kazi ndogo. Zamani Muthoka angeimaliza kabla chai haijapoa.

"Kwa Festus sitaki," Abdisalan akasema, akiegemea mlango. "Festus atanizimia tu. Sainab anapeleka watoto shule kila siku kwa hiyo barabara ya malori, na uliona vile ndugu yangu Mustaf alifanyika pale Lukenya. Gari iliisha yote. Hiyo mifuko ndiyo ilimrudisha nyumbani, wallahi. Nataka ifanye kazi, mzee. Sitaki kuzimiwa."

"Umefika," Muthoka akasema, na moyo wake ukajaa. Kusikia mtu akimhitaji hivyo kulimtia nguvu na kumtia hofu kwa pamoja.

Akalala sakafuni, waya wake mkononi, vidole vikayatafuta matundu na kuyapata. Abdisalan akahesabu kwa sauti kama mwalimu wa chekechea. Hesabu ikasema kiti cha dereva, upande wa kufungia mkanda. Muthoka akatabasamu chini ya usukani. Alikuwa amebashiri hivyo hivyo. Akaenda mbele kufungua betri, na hapo wakalazimika kungoja, kwa kuwa umeme hubaki kidogo katika zile nyaya za manjano hata betri ikiondolewa, na mwenye haraka anaweza kufumukiwa na mfuko usoni. Wakanywa chai ya chupa. Abdisalan akazungumza habari za ng'ombe na ukame, Muthoka akaitikia "ii, ii," huku akiomba kimoyomoyo kiti kile kiwe chepesi.

Kiti hakikuwa chepesi, lakini alikitoa kwenye bolti zake akakilaza nyuma. Plagi akaipata kwa vidole. Akaichomoa, akaipuliza, akaipitisha kitambaa chenye petroli, akachokonoa ndani kwa sindano akihesabu vijipini vyake. Vilikuwa vyote. Akairudisha, ikalia ka! Akarudisha betri.

"Fungua ufunguo."

Abdisalan akafungua, akaitazama taa. "Bado, mzee. Inawaka tu."

"Haina neno. Kuna kutu."

Akafungua betri tena, wakangoja tena. Safari hii hakuna aliyezungumzia ng'ombe. Jua lilikuwa limepanda na kuingia ndani ya banda, na pale alipokuwa na vivuli sasa hakuwa na kitu. Akachokonoa upya. Kulikuwa na kijipini kimoja ambacho sindano ilikipita kwa namna asiyoipenda, kama kimelala kidogo, au labda kilikuwa kizima na vidole ndivyo vilivyochoka. Mtu mwenye macho angeinua plagi kwenye mwanga akajua mara moja. Muthoka aliinua plagi kwenye mwanga kwa mazoea, akaikazia macho kwa bidii, na kwa sababu hakuona chochote akainama haraka kuificha aibu yake kitini.

"Fungua."

"Bado."

Alitaka ile spana ndogo ya kichwa cha betri, na hakukumbuka ameiweka wapi. Akapapasa sakafu ya gari. Akapapasa kizingiti cha mlango. Akapapasa udongo chini ya mlango, polepole, akijifanya anafikiri, huku akiimba pambio puani. Abdisalan alikuwa amesimama karibu sana. Muthoka alisikia pumzi zake. Kisha spana ikaja yenyewe kiganjani mwake, baridi, imewekwa taratibu. Muthoka akaendelea na pambio lake, na hakutaka hata kidogo kujua pambio hilo lilikuwa linamdanganya nani.

Mara ya tatu alifanya kazi kama anayepigana. Akapinda kile kijipini kwa sindano akikisia, akasukuma plagi hadi ikalia, akarudisha betri, akabaki amepiga magoti mlangoni.

"Fungua, Abdisalan."

Ufunguo ukalia. "Imezima!" Abdisalan akasema kwa furaha. "Mashallah, mzee! Imezima kabisa!"

Muthoka alishusha pumzi. Raha ilimpanda mpaka kooni, akakaribia kucheka. Kisha kile kichwa chake kisichosahau kitu kikamfanyia ubaya.

Taa ile, gari likiwa na afya, ni lazima iwake kwanza. Ufunguo ukifunguliwa inawaka, inakaa kwa muda wa nusu ya Salamu Maria gari likijipima, ndipo inapozimika. Hakuna gari linaloizima papo hapo, na lisiloiwasha kabisa nalo ni bovu. Na Abdisalan alikuwa ametamka "imezima" pamoja na mlio wa ufunguo. Hakungoja hata neno la kwanza la sala. Kumbe alikuwa na jibu mdomoni kabla ya kufungua.

Amejua, Muthoka akawaza. Ameniona.

Akabaki pale magotini. Alichopewa kilikuwa zawadi, na alikiona hivyo. Mwana wa Khadar alikuwa amekubali gari lake libaki bovu ili yeye abaki fundi. Angeweza kuipokea. Kusema tu "asante, salimia watoto," kisha kesho kufuata mtaro kama kawaida, kuja kukaa katika banda lake, kuitwa fundi na watu wanaopita. Alitamani hivyo kwa uchungu ambao hakuwahi kuwa nao kwa kitu kingine chochote. Bila banda angekuwa nini? Mzee wa kushikwa mkono kupelekwa msalani. Lakini ndani ya ule mwanga mweupe alimwona Sainab, Mama Najmo, bila kumwona, ameshika usukani kati ya malori, watoto nyuma, akiamini kwamba mzee Muthoka ametengeneza.

"Funga ufunguo," akasema. "Halafu fungua tena, usiniambie kitu."

Ukalia. Muthoka akaisali ile sala yote, taratibu, midomo ikitembea, mpaka amina.

"Inawaka," akasema. Hakuuliza.

"Mzee, mimi sina shida na hiyo taa."

"Sijauliza kama uko na shida. Anayeendesha si wewe."

Gari la mtu likapita barabarani, likafifia.

"Inawaka," Abdisalan akasema mwishowe. "Nisamehe, mzee. Nilipoona vile unatafuta spana, na ilikuwa hapo tu mbele yako... Nilishindwa."

"Hujakosa kitu." Muthoka akapangusa mikono kwenye suruali, kila kidole peke yake. "Mimi sioni, Abdisalan. Si leo tu. Sioni."

Hakuwahi kuyasema maneno hayo kwa mtu yeyote. Si kwa padri, si kwa mke aliyelala naye kitanda kimoja. Alifikiri yangemtua mzigo, kama watu wanavyodai. Hayakumtua chochote. Yalitoka, na mara tu yalipotoka yakawa kweli.

"Wallahi sitaambia mtu," Abdisalan akasema. Alikuwa ameshuka, amechuchumaa mbele yake, mkono begani mwake. "Tutakaa hivyo hivyo. Mimi nitakuwa nakuja, nitakuwa nakushikia taa, nitakuwa nakuambia—"

"Asi! Utaacha ng'ombe zako uje kuwa macho yangu?" Muthoka akautoa ule mkono, bila ukali. "Ambia watu. Kesho atakuja mwingine, hajui kunionea huruma kama wewe. Atasema imezima kwa sababu ana haraka, na mimi nitamwambia imepona. Nitamwambia aende."

Abdisalan akainamisha kichwa. Wakakirudisha kiti pamoja, mmoja akionyesha bolti na mwingine akikaza, na Muthoka aliona ajabu jinsi kazi ilivyokwenda upesi mara udanganyifu ulipoondoka. Hilo lilimuuma kuliko yote.

"Nenda kwa Festus. Mwambie ni plagi ya chini ya kiti cha dereva, kuna kijipini kimelala. Asifungue dashibodi. Simama hapo na macho yako uone taa inawaka kwanza, halafu inazima. Ikizima papo hapo, amekuibia. Umesikia?"

"Nimesikia. Panda nikupeleke nyumbani kwanza."

"Nenda, Abdisalan. Watoto wanatoka shule."

Gari likawaka, likasitasita, likaondoka. Muthoka akalisikiliza mpaka kona ya Festus lilipopunguza mwendo. Kisha akaanza kukusanya vyombo vyake, testa, plaizi, sindano, kile kipande cha waya, akavipanga ndani ya sanduku kila kimoja mahali pake. Vyote alivipata bila kupapasa, maana sasa hakuwa na haraka ya kumthibitishia mtu kitu. Akaketi juu ya tairi kuukuu lililokuwa kiti cha wateja. Akajaribu kutunga maneno atakayomwambia Mbithe. Alianza mara nyingi, na kila mara aliishia kwenye jina lake tu.

Jua lilikuwa limeanza kulegea aliposikia gari jingine likiacha lami na kuingia kwenye changarawe za banda lake. Injini ilikuwa na kikohozi, na kwa kikohozi kile alijua ni koili ya plagi, tena ya silinda ya mwisho. Angeweza kuitaja akiwa amelala. Mlango ukafunguka. Zikaja hatua za viatu vya kike, asizozifahamu, na sauti ya mwanamke mgeni.

"Hamjambo hapa. Naitwa Kamanthe, nimetumwa kutoka kule sokoni. Wamesema nitafute fundi mmoja anaitwa Muthoka, eti yeye hadanganyi watu. Yuko?"

Muthoka akageuza uso kuelekea ilikotoka sauti, mikono yenye grisi ikiwa juu ya magoti yake.

"Hayuko," akasema.

"Ai, jamani. Atarudi saa ngapi?"

"Mama, nenda tu kwa Festus, mtaa wa pili. Huyo hatarudi."